Kilindini: Maamiri Wasioitwa Admeri

Gati la wanamaji la Mtongwe liko upande wa kusini wa Kilindini, ng'ambo ya kisiwa cha Mombasa. Anayeziongoza manowari zote zinazofungwa kamba pale ana cheo cha meja jenerali. Naibu wake ni brigedia. Aliyekabidhiwa chombo kimoja na mabaharia wake, akaenda nacho doria katikati ya kusi, aweza kuwa meja au luteni kanali. Baharia wa Uingereza au wa India akitia nanga hapo hana budi kuvigeuza vyeo kichwani mwake ajue anampigia nani saluti. Hata Mtanzania hulazimika, maana kule Kigamboni wanamaji wa JWTZ wanao maadmeri wao. Kenya iliamua cheo kiwe kimoja nchi kavu, angani na baharini.

Kwa hiyo mwenye kutafuta habari za maadmeri wa Kenya huambiwa hawapo. Nasema wapo, na historia ya Jeshi la Wanamaji la Kenya, lililoanzishwa Desemba 1964, haiwezi kusimuliwa bila maisha yao. Wamejificha nyuma ya jina tu.

Na hilo jina, tukilichunguza, lilianzia karibu na sisi. Waarabu walimwita mkuu wa merikebu amiri wa bahari. Mataifa ya kusini mwa Ulaya yalilisikia neno hilo kwenye bahari ya Mediterania, yakalikata, yakalivalisha sauti zao, likawa almirante na admirali. Sisi tulilipokea bila mzunguko huo, na hadi leo rais wa Kenya na wa Tanzania huitwa Amiri Jeshi Mkuu. Vasco da Gama alipofika Mombasa na Malindi mwezi Aprili 1498 alikuwa mkuu wa msafara tu. Aliporudi kwao ndipo mfalme wa Ureno akamtunuku cheo cha Admeri wa Bahari ya Hindi, bahari ambayo manahodha wa pwani hii na wa Uarabuni walikuwa wakiisafiri kwa kaskazi na kusi tangu karne nyingi kabla yake. Miaka chini ya mia baadaye alikuja Ali Bey, Mturuki, mara mbili, akitaka kuung'oa utawala wa Wareno. Mara ya pili, mwaka 1589, alitekwa hapa hapa Mombasa. Ngome ya Yesu ilianza kujengwa mwaka 1593, na hofu ya kuja Ali Bey mwingine ilikuwa sehemu ya sababu. Tangu zamani, basi, wakuu wa bahari walifika hapa wakiwa wageni, wakifuata kina cha maji. Kilindi ni mahali penye kina, na bandari ilipewa jina kwa sifa hiyo.

Aliyekuja na nguvu kubwa kuliko wote alifika mwaka 1942. Huyu nitakaa naye kidogo, kwa sababu maisha yake yanaonyesha uadmeri hasa ni nini, na kwa sababu alama alizoiachia Afrika Mashariki hazikufutika.

James Somerville alizaliwa mwaka 1882, akaingia mafunzo ya wanamaji wa Uingereza angali mtoto, mwaka 1897. Fani yake ilikuwa redio, wakati redio yenyewe ilikuwa kitu kipya melini. Alipigana Dardanelles katika Vita vya Kwanza, akapanda vyeo polepole, na mwaka 1939 madaktari wakamkuta na kifua kikuu. Akastaafishwa. Kwa kawaida kazi ya ofisa huishia hapo. Vita vya Pili vilipoanza alirudi mwenyewe kutafuta kazi, akasaidia kuendeleza rada kwa ajili ya manowari, akashiriki katika kuwaokoa askari waliozingirwa Dunkirk, na mwishoni mwa Juni 1940 akapewa kikosi cha manowari kilichokuwa na makao Gibraltar.

Siku chache tu baadaye aliletewa amri ambayo hakuitaka. Ufaransa ilikuwa imeshindwa na Ujerumani, na London iliogopa manowari za Wafaransa zisije zikaangukia mikononi mwa Hitler. Tarehe 3 Julai 1940, mbele ya bandari ya Mers-el-Kébir nchini Algeria, Somerville alijadiliana na Wafaransa siku nzima, akiwaomba wajiunge naye, au wazipeleke meli zao mbali, au wazizamishe wenyewe. Jioni alifyatua mizinga. Mabaharia wa Kifaransa 1,297 walikufa, watu ambao wiki mbili kabla walikuwa upande mmoja naye. Somerville alilichukia tendo lile na hakuificha chuki hiyo. Lakini alitii. Hapo ndipo cheo kinapoonyesha uzito wake: mwenye nyota begani hupewa amri na walio mbali, naye ndiye anayeziona meli zikiungua.

Mwezi Machi 1942 alipewa Kikosi cha Mashariki, chenye makao Ceylon, nchi tunayoiita leo Sri Lanka. Tarehe 5 Aprili ndege za Admeri Nagumo wa Japani ziliishambulia Colombo, na tarehe 9 zikaishambulia Trincomalee. Uingereza ilipoteza manowari Dorsetshire na Cornwall siku ya kwanza, na Hermes, manowari ya kubebea ndege, siku ya pili. Somerville alikuwa na meli nyingi, lakini baadhi ya zile kubwa zilikuwa za enzi ya vita vilivyotangulia, nzito na za mwendo wa pole, na kukutana uso kwa uso na Nagumo mchana kweupe kungekuwa kuzitoa sadaka. Alijificha asionekane naye, akimsogelea usiku na kujitenga mchana, kisha akaziondoa meli zake. Zile nzito alizielekeza magharibi, kuvuka bahari yote, hadi Kilindini. Mwezi huo huo alipandishwa kuwa admeri kamili, ingawa kwenye vitabu bado alihesabiwa kuwa mstaafu.

Basi bandari ya Mombasa ikawa makao ya kikosi chote, na ikabaki hivyo hadi Januari 1944. Manowari Warspite ilitia nanga hapa. Zilikuja Ramillies, Resolution, Revenge. Mji uliozoea majahazi na meli za abiria ulijikuta na maelfu ya mabaharia wa Kiingereza, na makuli wa Kilindini wakibeba shehena usiku na mchana. Mwezi Mei msafara wa vita wa Waingereza ulifika Diego Suarez kuitwaa kaskazini ya Madagaska, Japani isije ikaweka nyambizi zake pale na kuziba njia ya kusini.

Kuna nyumba moja ya kipindi kile ambayo wenyeji wa Mombasa wanaijua bila kujua yaliyotendeka ndani yake. Ni Shule ya Allidina Visram, iliyo ufukweni. Wavunja msimbo waliokimbia kutoka Colombo walipewa majengo yake. Wakaweka redio, wakawa wanasikiliza Wajapani wakizungumza kwa mafumbo upande wa pili wa bahari. Mwanzoni walikuwa hoi, kwa sababu Mombasa ilikuwa mbali mno na mawimbi yalifika yamechoka. Lakini Septemba 1942 karani mmoja wa Kijapani alikosea katika kutuma ujumbe, na kutokana na kosa hilo John MacInnes na Brian Townend wakaufungua msimbo ulioitwa JN-40, uliotumiwa na meli za shehena. Kufika Novemba walikuwa wakisoma kila ujumbe ulipoingia, pamoja na jumbe za nyuma walizokuwa wamezihifadhi. Wakajua meli gani inaondoka wapi, imebeba nini, itafika lini. Madarasa yale yale leo yana wanafunzi, na ningependa kila mmoja wao afundishwe kwamba fumbo la vita kuu liliwahi kufumbuliwa darasani mwao.

Tarehe 5 Februari 1944, kikosi kikiwa kimesharudi Ceylon, msafara wa meli za askari ulijiandaa Kilindini. Moja iliitwa Khedive Ismail. Ndani yake walikuwamo watu 1,511, na kundi kubwa kuliko yote lilikuwa Kikosi cha 301 cha Mizinga cha Afrika Mashariki, karibu watu elfu moja, vijana wa Kiafrika pamoja na maofisa wao. Walikuwamo pia wauguzi na wanawake wengine wa jeshi. Tarehe 12 Februari, adhuhuri imepita kidogo, karibu na visiwa vya Maldives, nyambizi ya Kijapani I-27 iliipiga meli hiyo kwa makombora ya chini ya maji. Haikuchukua hata dakika mbili kuzama. Walionusurika ni 214. Waliokufa ni 1,297.

Nimeirudia hesabu hiyo mara kadhaa nikidhani nimechanganya karatasi. Idadi inayoandikwa kwa Khedive Ismail ni ile ile inayoandikwa kwa Mers-el-Kébir, mtu kwa mtu. Wa kwanza walikufa kwa mizinga ya Somerville, wa pili walikufa chini ya ulinzi wa kikosi chake. Majina ya askari wa Afrika Mashariki waliozama siku hiyo yamechongwa katika mnara wa makaburi ya vita kando ya barabara ya Ngong, Nairobi, mbali kabisa na bahari. Somerville aliondoka Kikosi cha Mashariki Agosti 1944, akapelekwa Washington, akapewa cheo cha juu kabisa cha wanamaji mwaka 1945, akafa mwaka 1949. Barua zake na shajara zake zimechapishwa kitabu kinene. Wa Kikosi cha 301 wana mstari mmoja kila mtu.

Baada ya vita Waingereza waliona pwani hii yahitaji mabaharia wake. Tangu mwaka 1933 kulikuwa na askari wa akiba wa majini hapa Mombasa, na mwaka 1950 serikali za Kenya, Uganda, Tanganyika na Zanzibar zilikubaliana kuchangia kikosi kimoja, ambacho muda mfupi baadaye kiliitwa Wanamaji wa Kifalme wa Afrika Mashariki. Uganda nayo ilitoa fedha, ingawa haina bahari. Chombo chao kikuu kilikuwa Rosalind, meli ndogo ya vita iliyoundwa kwa mfano wa meli za uvuvi na kupewa jina la binti katika tamthilia ya Shakespeare. Mabaharia wa Kiafrika walijifunza humo kufunga mafundo, kusoma taa za ishara, kutunza injini. Mwaka 1962, uhuru ukikaribia na nchi zikibishana juu ya gharama, kikosi kikavunjwa. Naona lilikuwa kosa. Nchi nne zilikuwa na ufunguo mmoja wa mlango mmoja, zikautupa, kisha kila moja ikaanza kutafuta fundi wa kuchonga wake.

Kenya ilichonga wake Desemba 1964, mwaka mmoja baada ya uhuru. Makamanda wawili wa kwanza walikuwa Waingereza, na walimu pia. Mwaka 1966 zikaja meli tatu za doria kutoka kiwanda cha Vosper: Simba, Chui na Ndovu, kila moja na urefu wa mita 31 hivi na mizinga miwili ya milimita 40. Ndizo zilizokuwa jeshi lenyewe. Kijana aliyetoka Turkana au Kakamega, hajawahi kuona maji ya chumvi, alipelekwa ndani ya Chui akafundishwa tezi na omo, akatapika wiki nzima, akazoea.

Mwaka 1972 kiti kikakaliwa na Mkenya kwa mara ya kwanza. Aliitwa J. C. J. Kimaro. Alishika usukani miaka sita, miaka ambayo hakuna vita wala tukio la kuandikwa magazetini, na labda ndiyo sababu hatajwi. Lakini kazi aliyoifanya yeye ndiyo ngumu kuliko zote. Jeshi la maji halinunuliki kwa siku moja. Kumpata mhandisi wa injini anayeweza kuirekebisha mashine ikiwa imekufa usiku, maili 60 kutoka pwani, upepo ukivuma, yataka miaka kumi ya kumsomesha na kumtia melini. Kumpata kamanda wa meli ni zaidi. Kimaro alirithi jeshi lililofundishwa na wageni, akaliacha likiwa na uwezo wa kujifundisha. Katika kipindi chake, Kenya ilipata meli mpya nne kutoka kiwanda cha Brooke Marine, Uingereza: Mamba mwaka 1974, kisha Madaraka, Jamhuri na Harambee.

Tazama majina hayo. Mtu asiyejua lolote kuhusu Kenya anaweza kusoma historia yake kwenye pua za manowari. Zile za kwanza ni wanyama: Simba, Chui, Ndovu, Mamba, kana kwamba taifa bado linatafuta sura yake msituni. Za pili ni maneno ya enzi ya Mzee Jomo Kenyatta: Madaraka, Jamhuri, Harambee. Mwaka 1988 zikafika mbili kubwa zaidi, za makombora, zikapewa majina ya enzi ya Rais Moi: Nyayo na Umoja. Baadaye Kenya ikageukia sifa za mtu: Shujaa, Shupavu, Jasiri. Na kati yao kuna Tana na Galana, mito miwili inayoileta bara baharini, majina yaliyopewa meli za kushushia askari na mizigo ufuoni. Sijui jeshi jingine ambalo msamiati wake wa Kiswahili umekaa juu ya maji namna hii.

Nyayo na Umoja zilikuja mwishoni mwa uongozi wa Meja Jenerali E. S. Mbilu, aliyelishika jeshi tangu 1978 hadi 1988. Ni wakati wake meli za Brooke Marine zilipofungwa makombora ya Gabriel kutoka Israeli, na Wanamaji wa Kenya wakatoka katika jeshi la mizinga midogo na kuwa jeshi lenye uwezo wa kuipiga meli isiyoonekana kwa macho. Wakati wake pia, Agosti 1982, baadhi ya askari wa angani walijaribu kupindua serikali, na jeshi lao zima likavunjwa kwa muda. Wanamaji walibaki Mtongwe, wakatii. Nchi ilipotulia, utii huo ulikumbukwa.

Baada ya Mbilu alikuja Joseph Kibwana, akakaa miaka kumi, 1988 hadi 1998. Katika muongo huo ndipo raia wa Mombasa walipowajua wanamaji kwa njia wasiyoitarajia. Tarehe 29 Aprili 1994 feri ya Mtongwe ilipinduka karibu kabisa na nchi kavu, imejaa watu wa asubuhi waliokuwa wakienda kazini na sokoni. Waliokufa ni 272. Kambi ya wanamaji iko pale pale. Wapiga mbizi waliofundishwa kukagua meli za vita walishuka kuopoa majirani zao. Wazee wa Mtongwe na Likoni hawasemi "mwaka 1994". Husema "mwaka wa feri", na kila mtu anaelewa.

Mwishoni mwa mwaka 2000 Kibwana aliteuliwa kuwa Mkuu wa Majeshi yote ya Kenya, mtu wa kwanza kutoka jeshi la wanamaji kukikalia kiti hicho. Hadi hapo kilikuwa kiti cha watu wa nchi kavu. Nakumbuka mshangao wa watu wa pwani: huyu ni wa meli, atawaongoza vipi wa vifaru? Jibu lilitolewa tarehe 30 Desemba 2002 bustanini Uhuru Park. Chama cha KANU kilikuwa kimeshindwa baada ya karibu miaka 40 ya kutawala. Rais Moi alikuwa akikabidhi madaraka, Mwai Kibaki ameketi katika kiti cha magurudumu na mguu wake umefungwa plasta, umati umefurika hadi jukwaani, ulinzi umevurugika. Katika nchi nyingi za bara hili, siku kama hiyo majeshi hutazamwa kwa hofu. Majeshi ya Kenya yalipiga saluti kwa rais anayeondoka, yakapiga saluti kwa rais anayeingia, yakarudi kambini. Aliyekuwa juu yao ni baharia. Ikiwa itabidi kuchagua siku moja ya kumkumbuka Jenerali Kibwana, mimi nachagua hiyo, ingawa hakuna mzinga hata mmoja uliopigwa isipokuwa wa heshima.

Aboud Rafrouf na Pasteur Awitta waliliongoza jeshi la wanamaji katika miaka iliyofuata 1998, na mwaka 2006 akalishika Samson Mwathethe. Jina lake la katikati ni Jefwa, jina la Kimijikenda, na kwa pwani jambo hilo halikuwa dogo. Alikuwa ameingia jeshini mwishoni mwa miaka ya 1970. Alikuta bahari iliyochafuka. Maharamia wa Kisomali walikuwa wakiteka meli hadi mbali kabisa katikati ya Bahari ya Hindi, bima za shehena zikapanda, meli za watalii zikaacha kupita. Septemba 2008 waliiteka Faina, meli ya Ukraine iliyokuwa njiani kuja Mombasa na vifaru 33. Dunia nzima ikaitazama Kilindini ikiulizia vifaru hivyo ni vya nani. Faina ilifunguliwa Februari 2009 baada ya fidia kulipwa, ikaingia Kilindini wiki moja baadaye. Maharamia waliokamatwa na manowari za mataifa mengine wakawa wanaletwa Mombasa kushtakiwa, na wengi wao kufungwa katika gereza la Shimo la Tewa.

Wakati huo huo Kenya ilikuwa na manowari mpya iliyokwama Hispania. Jasiri, ya mita 85, kubwa kuliko zote zilizotangulia, iliagizwa mwaka 2003, ikabaki ng'ambo kwa miaka kwa sababu ya mzozo wa mkataba na malipo. Ilifika mwaka 2012. Kwa miaka yote ile ya uharamia, wanamaji walizunguka na vyombo vya zamani. Anayetaka kupima ustahimilivu wa jeshi asihesabu meli ilizo nazo, ahesabu ilizozisubiri.

Oktoba 2011 majeshi ya Kenya yalivuka mpaka kuingia Somalia. Mwathethe alikuwa amepanda kuwa naibu wa Mkuu wa Majeshi, na wanamaji wakawa chini ya Meja Jenerali Ngewa Mukala. Lengo kubwa lilikuwa Kismayu, bandari iliyowalisha wapiganaji wa al-Shabaab kwa ushuru wa mkaa. Askari wa nchi kavu walikuwa wamejongea polepole kwa matope na mabomu ya barabarani. Alfajiri ya tarehe 28 Septemba 2012 ufuo wa kaskazini ya mji uliona meli. Askari wa Kenya na wa Kisomali walishushwa kutoka baharini, wakatembea kuingia Kismayu kutoka upande ambao mji haukuutazamia, na al-Shabaab wakauacha mji.

Wabajuni wa Lamu, Faza na Kiunga wanaijua njia ile kuliko ramani yoyote. Mababu zao walikwenda Kismayu kwa mitepe, mashua zilizoshonwa kwa kamba, kupeleka boriti na kuleta samaki na jamaa. Safari iliyoitwa shambulio la kihistoria kutoka majini, kwao ilikuwa safari ya kwenda kumtembelea shangazi, iliyofungwa na vita kwa miaka 20.

Mwezi Mei 2015 Mwathethe akawa Mkuu wa Majeshi. Kipindi chake hakikuwa chepesi. Januari 2016 kambi ya Wakenya ya El Adde ilivamiwa, na familia nyingi zikapokea majeneza. Heshima ya kumwandika mtu wa cheo hicho yataka na hilo liandikwe. Pamoja na vita, alipewa mwaka 2017 uenyekiti wa kamati ya uchumi wa buluu, kazi ya kuwakumbusha Wakenya kwamba nchi yao haiishii Mombasa, inaendelea maili 200 ndani ya maji. Novemba 2018 Kenya ikaanzisha walinzi wa pwani, chombo tofauti cha kufuata wavuvi haramu na wasafirishaji wa dawa za kulevya.

Kisha ikaja Likoni. Jioni ya tarehe 29 Septemba 2019 gari liliteleza kutoka kwenye feri likiwa na mama na mtoto wake, likazama mbele ya macho ya abiria. Siku baada ya siku watu walijaa kwenye gati wakitazama maji. Wanamaji walitafuta, wakasaidiwa na wapiga mbizi wengine, mkondo ukiwasukuma, tope la chini likiwafunga macho. Tarehe 11 Oktoba gari likapatikana, mita 58 chini. Kilindi ni kilindi. Meja Jenerali Levi Mghalu, kamanda wa wakati huo, alikuwa na jeshi lililojengwa kwa ajili ya adui, na taifa zima lilikuwa likimtaka amrudishe mtoto kwao.

Wanamaji walikwenda hata ziwani. Bandari ya Kisumu ilikuwa imelala miaka mingi, reli imeota majani, meli MV Uhuru imefungwa gatini. Mafundi wa Mtongwe wakapelekwa kuifufua, ikarudi kubeba mafuta kwenda Uganda. Mwaka 2020 serikali ikaunda kampuni ya kuunda meli chini ya jeshi, na kule Kisumu ikaundwa MV Uhuru II. Vijana wanaochomelea chuma Nyanza leo wamefundishwa na kizazi kilichofundishwa na kizazi cha Kimaro.

Tarehe 18 Aprili 2024 helikopta ya jeshi ilianguka Elgeyo Marakwet, akafa Jenerali Francis Ogolla, Mkuu wa Majeshi, pamoja na wenzake tisa. Hakuna Mkuu wa Majeshi wa Kenya aliyewahi kufa kazini namna hiyo. Wiki mbili baadaye kiti kilipewa naibu wake, Charles Kahariri, aliyeingia jeshini mwaka 1987 na kupanda vyeo katika wanamaji hadi kuwa naibu kamanda wao. Akawa wa tatu kutoka Mtongwe, baada ya Kibwana na Mwathethe. Jeshi dogo kuliko yote matatu limetoa wakuu watatu wa majeshi yote katika muda usiofika robo karne.

Kila mmoja wao alivaa nyota nne. Katika mizani ya vyeo inayotumiwa na majeshi mengi duniani, jenerali wa nyota nne hulingana na admeri kamili, cheo kile kile alichopewa Somerville mwezi Aprili 1942, meli zake zilipokuwa zikikata maji kuja Kilindini.